Nyonga za Taifa

Keti. Ndiyo, wewe, keti vizuri, nyoosha na miguu ukipenda, maana habari ninazokuletea ni za nchi moja ambayo watu wake walikatazwa kufanya hicho unachokifanya sasa hivi. Jina la nchi hiyo nimelisahau. Nimelisahau kwa makusudi, na nakuomba na wewe usilikumbuke.

Ilikuwa nchi nzuri tu, yenye mvua, mihogo na wizara. Palikuwa na Wizara ya Kilimo, ya Afya na ya Barabara, na juu ya zote hizo palikuwa na Wizara ya Heshima. Kazi ya wizara hii ilikuwa kuhakikisha kwamba Mheshimiwa Mlezi wa Taifa anaheshimiwa na wanaompenda, na anaheshimiwa zaidi na wale ambao walikuwa bado hawajaamua. Ndiyo iliyobuni kitenge cha Shukrani. Kilikuwa kitenge cha manjano chenye uso wa Mlezi, mkubwa kama sinia la pilau, umekunja ndita kama wa mtu aliyekanyagwa kidole gumba. Kila raia alitakiwa ashone nguo ya kitenge hicho na kuivaa Sikukuu ya Shukrani.

Sasa, aliyewahi kushona kitenge anajua shida ilipo. Picha kubwa namna ile lazima iangukie mahali. Mafundi walihangaika kuuweka Uso kifuani, na kifuani ukakaa, lakini kitambaa kilichapwa kwa mpangilio ambao Uso mmoja ukiwa kifuani, mwenzake anaangukia nyuma, chini ya kiuno, pale pale unapopafikiria. Mimi nimelelewa vizuri, kwa hiyo nitasema nyonga, na wewe utanielewa.

Sikukuu ya kwanza uwanja wa mpira ulifurika. Mshereheshaji akasema, "Ndugu wananchi, tafadhali tukae." Watu wakakaa. Mtu mmoja tu alibaki amesimama, naye alikuwa Bwana Kirumbizi, Mkurugenzi wa Heshima, kwa sababu alichelewa na alikuwa bado anatafuta kiti chenye jina lake. Akatupa macho uwanjani, akaganda. Taifa zima lilikuwa limemkalia Mlezi usoni.

Nchi nyingine ingeihamisha picha. Nyingine ingeipunguza. Hii iliondoa viti.

Tangu siku hiyo ikawa marufuku kukaa ukiwa umevaa kitenge. Halafu Sikukuu ikaongezwa ikawa Wiki ya Shukrani, wiki ikawa mwezi, mwezi ukawa mwaka, na mwaka ulipokwisha Wizara ikatangaza kwamba kuacha kushukuru ghafla kunaweza kuwaletea wananchi kizunguzungu. Maofisini meza ziliongezwa miguu. Maharusi walioana wima, wakapigwa picha wima, na wageni wao wakala wali wima, sahani mkononi. Hospitalini wagonjwa walilazwa kifudifudi, hata wale waliovunjika pua. Wazee walipewa Mkongojo wa Taifa, wenye bendera. Na kwa kuwa watu waliosimama kwenye foleni hawakuwa na la kutazama ila mgongo wa aliyetangulia, na chini ya mgongo kuna kinachofuata, Wizara ikaongeza amri ya pili: marufuku kuutazama Uso ukiwa mahali pasipo hadhi. Basi watu wa nchi hiyo wakawa wanasimama kutwa nzima macho juu, wakitazama mawingu. Wageni waliokuja kutoka nje waliwasifu kuwa ni watu wa sala.

Kukaa, walikaa nyumbani. Mtu alifunga mlango, akashusha pazia, akavua kitenge, ndipo akakaa, tena kwa uangalifu, maana balozi wa nyumba kumi alipita nje akisikiliza stuli zinazolia.

*

Katika nchi hiyo aliishi msanii mmoja jina lake Zamda, binti wa Bi Hadia, fundi cherehani. Bi Hadia alishona akiwa amesimama, mguu mmoja chini na mwingine kwenye pedeli, kama kuku wakati wa baridi. Jioni miguu yake ilivimba ikawa haijulikani kifundo kiko wapi. Alikuwa mama mwenye mdomo, na mdomo wake haukuwahi kuvimba.

Zamda hakuchora twiga wala machweo. Kifaa chake cha kazi kilikuwa mwili wake mwenyewe. Aliupiga picha, aliurekodi sauti, aliumiminia plasta, aliuonyesha kwenye skrini huku spika zikitoa mapigo ya moyo, yote kwa ajili ya kujua yeye ni nani na anaishia wapi. Watu wakimwuliza, "Zamda, siku hizi unafanya kazi gani?" alijibu, "Najichunguza." Wakampa pole. Wengine wakamtajia waganga.

Maonyesho yake ya kwanza yalikuwa ya sikio lake la kushoto, lililoonyeshwa kwenye ukuta mzima kwa muda wa saa nzima. Walihudhuria mama yake, shangazi yake na mlinzi wa jengo. Mama alisinzia wima. Mlinzi aliuliza kama kuna sehemu ya pili, yenye la kulia.

"Mwanangu," Bi Hadia alimwambia wakirudi nyumbani, "sikio nililizaa mimi, nalijua. Hukuweza kuonyesha kitu kingine?"

"Nitaonyesha, mama."

Na kitu kingine kilijileta chenyewe. Lazima niseme kwamba Mungu hakumnyima Zamda. Nyonga alikuwa nazo, za ukoo, alizorithi kwa bibi yake pamoja na kicheko. Siku moja alikuwa mbele ya kioo akijaribu kitenge kipya alichoshonewa na mama yake, akageuza shingo kuona mshono wa nyuma. Alipopiga hatua moja, Mlezi akatafuna. Alipopiga ya pili, Mlezi akakonyeza jicho. Zamda akashika mdomo. Alipoanza kucheka, nyonga nazo zikacheka, na pale kwenye kioo Mheshimiwa Mlezi wa Taifa, ambaye hakuna raia aliyewahi kuona jino lake, akachanua tabasamu la sikio hadi sikio.

"Mama! Njoo umwone Mlezi!"

Bi Hadia akaja akichechemea, akatazama, akasahau amri ya mawingu. Alicheka mpaka akashika cherehani asianguke.

"Huyo si Mlezi," akasema akijifuta machozi. "Huyo ni marehemu bibi yako akitoka harusini."

Lakini Zamda alikuwa ameshaacha kucheka. Swali lilimkaa kichwani: huyu anayetabasamu ni nani? Mwili ni wangu, sura ni yake, tabasamu ni la nani? Amenibeba yeye, au nimembeba mimi? Akachukua kamera, akaifunga nyuma yake, akaanza kazi. Maonyesho akayaita *Nani Kambeba Nani*. Yangekuwa na skrini tatu, spika za mlio wa kitambaa kikisuguana, na sanamu ya plasta ya nyonga zake katikati ya ukumbi. Kando ya plasta angeweka kigoda cha mama yake. Mwisho wa usiku wa ufunguzi, alimwambia mama, atakwenda pale kwenye kigoda mbele ya watu wote, amevaa kitenge, na atakaa.

Bi Hadia akaacha kushona katikati ya mshono. Ilikuwa mara ya kwanza mwaka ule.

"Watakufunga," akasema.

"Jela kuna kukaa, mama?"

"Hakuna. Wamefungwa wima na wao."

"Basi sitakuwa nimepoteza kitu. Mama, mimi nimechoka. Kazi yangu yote ni kuuliza huu mwili ni wa nani, na siwezi hata kuuweka chini."

Hicho tu ndicho Zamda alichokitaka. Alitaka akae, mchana kweupe, mahali pa watu, juu ya nyonga zake mwenyewe.

*

Hakuna maonyesho yaliyofunguliwa katika nchi hiyo bila kukaguliwa. Bwana Kirumbizi alikuja mwenyewe na wajumbe wake, wote kitenge tupu, macho darini. Taa zikazimwa, skrini zikawaka, na Uso ukatokea, mkubwa kuliko mlango. Ukatafuna, ukakonyeza, ukanuna, ukatabasamu polepole mpaka ukumbi mzima ukang'aa manjano.

Bwana Kirumbizi akavua miwani. Machozi yalikuwa yakimtiririka.

Usimcheke. Hebu fikiri. Mlezi hakuwa ametoka Ikulu kwa miaka, na Uso ukiwa mahali pake pa nyuma, Bwana Kirumbizi ndiye aliyekuwa amepiga marufuku kuutazama, na alikuwa mtu wa kutii amri zake. Katika nchi nzima hapakuwa na mtu asiyejua jinsi kitenge kinavyotikisika, isipokuwa wale waliokaa Wizarani.

"Yu hai," akanong'ona. "Wameweza kumfanya atabasamu."

"Mkurugenzi," Zamda akasema, "labda nieleze kidogo. Kazi hii inahusu mwili wangu, nilipojiuliza..."

"Binti, usijikweze. Mimi hapa siuoni mwili wako, namwona Mlezi." Akaigeukia plasta, akaizunguka mikono nyuma. "Na hii? Usiniambie. Ni Vilima vya Umoja na Amani."

Wajumbe wakapiga makofi. Mmoja aliandika pembeni kwamba Umoja ni mkubwa kidogo kuliko Amani. Bwana Kirumbizi akapanda juu ya kigoda, kwa kuwa alidhani kimewekwa kwa ajili ya hotuba, akakohoa.

"Ndugu zangu," akasema, "kuna wanaodai kwamba sanaa ya kisasa haieleweki. Leo nimeielewa, na kama mimi nimeielewa basi imeeleweka. Kuanzia kesho tabasamu hili litaonyeshwa televisheni ya Taifa kila siku kabla ya taarifa ya habari, na raia wote watalitazama wakiwa wamesimama, kama kawaida yao."

Akaondoka na skrini, na spika, na plasta. Kigoda akakiacha, kwa sababu wajumbe walikuwa wamekiandika kuwa ni kifaa cha kukalia.

Na kweli likaonyeshwa. Mtangazaji alisema, "Mheshimiwa Mlezi wa Taifa anawatabasamia," na nchi nzima ikatabasamiwa. Nakuambia, watu walifurahi! Wasichana sokoni walipeana viwiko. Madaktari walisema shinikizo la damu limeshuka. Katika kila nyumba palikuwa na mtu mmoja, mara nyingi mama mtu mzima, aliyetazama skrini, akakunja uso, akasema, "Mbona kama ninakujua huko?" kisha akacheka peke yake jikoni asiulizwe. Waliojua hawakusema. Ungesemaje? Ukimwambia polisi kwamba huo si uso wa Mlezi bali ni kitu fulani, wewe ndiye umeufananisha.

Bi Hadia alitazama kila siku, akishona. "Nyonga za mama yangu," alisema, "zinawatangulia mawaziri."

*

Yangeishia hapo kama mvua isingenyesha. Ilinyesha kusini, mto ukafurika, na Bwana Kirumbizi akamwita Zamda ofisini.

"Bi Zamda, wananchi wa kusini wana majonzi. Haifai Mlezi aendelee kuwachekea. Nataka asikitike kidogo. Asilie, ila asikitike kikubwa. Mwambie."

"Nimwambie nani, Mkurugenzi?"

"Mashine yako. Kompyuta. Sijui mnatumia nini."

Zamda akamtazama. Aliona amefika mahali ambapo ama aseme uongo mkubwa kuliko ofisi, ama aseme kweli. Akageuka, akampa mgongo, akalegeza nyonga moja.

"Hivi ndivyo anavyosikitika," akasema.

Bwana Kirumbizi akatazama dari kwa desturi. Halafu macho yake yakateremka, polepole, kama watu wanaoteremsha kabati ghorofani. Akamwona Mlezi amesikitika. Akakumbuka kwamba kila jioni alikuwa akipiga saluti mbele ya televisheni, yeye na mke wake na wakwe zake.

"Ala," akasema. Halafu akasema tena, kwa sauti ndogo, "Ala."

Mtu mwingine angejiuzulu. Bwana Kirumbizi alifunga mlango, akazunguka chumba, akafikiri, na alipomaliza kufikiri alikuwa amerudiwa na rangi yake.

"Wizara yangu haikosei," akatangaza. "Kama Wizara imesema ule ni Uso, basi ni Uso. Na kama Uso umo humo, basi hizo ulizonazo si nyonga tena. Kuanzia dakika hii, sehemu yako yote kutoka kiunoni hadi mapajani inachukuliwa na kuwa mali ya Taifa, chini ya ulinzi."

"Mkurugenzi! Ni mwili wangu huu!"

"Ulikuwa. Wewe si ndiye uliyekuwa unauliza ni wa nani? Serikali imekujibu. Hutakaa tena, Bi Zamda, si hadharani wala nyumbani, si na kitenge wala bila kitenge."

"Mpaka lini?"

"Shukrani haina mpaka."

*

Wakampa askari wawili wa kike, wembamba, wenye adabu, waliompigia saluti kila alipogeuka kufungua dirisha. Wakafika nyumbani, wakachukua kigoda cha Bi Hadia, benchi la uani, ndoo iliyopinduliwa na gunia la mkaa, vyote vikiwa vitu vinavyokalika. Alilala kifudifudi, askari mmoja akimpepea Mlezi asipate joto. Kuhusu choo, Wizara iliunda kamati, na kamati hiyo bado inaendelea na vikao vyake, kwa kusimama.

Zamda, ambaye alikuwa anacheka na nyonga zake, akaacha kucheka. Na alipoacha, Mlezi naye, ambaye sasa watu wa televisheni walikuja kumpiga picha pale nyumbani kila jioni, akarudia kununa televisheni nzima. Kamera yake mwenyewe Zamda aliitia kwenye sanduku. Hakuona tena haja ya kujichunguza. Unajichunguzaje wakati nusu yako inalindwa na bunduki? Siku moja alimwegemea mama yake akalia kwa sauti, akasema anajiona kama mtu aliyepanga ndani ya mwili wa wengine.

Bi Hadia aliwageukia askari.

"Mwili huu nimeuzaa mimi," akawaambia. "Nimeubeba, nimeulea, nimeuchapa ulipokosea, na hizo nyonga nimezishonea magauni tangu hazijawa hata za mtaa, sembuse za taifa. Serikali ilikuwa wapi?"

Askari wakatazama mawingu, ingawa walikuwa ndani.

*

Sikukuu kubwa ya Shukrani ikafika, na safari hii ikatangazwa kwamba Mlezi atatoka mwenyewe. Uwanja wa mpira ukajaa mpaka kwenye magoli. Zamda alipandishwa jukwaani, na hapo watu wa itifaki wakapata mtihani. Uso wa Taifa hauwezi kuwapa wananchi kisogo. Kwa hiyo ikaamuliwa kwamba Bi Zamda asimame akiwa amewageuzia wananchi mgongo, ili Uso uwatazame, na kamera ya televisheni iukamate Uso huo mwanzo hadi mwisho, na uonekane kwenye skrini kubwa ya uwanja.

Wataalamu wote hao, na hakuna aliyefikiria jambo moja: kwamba mtu aliyewapa watu mgongo anatazama upande wa pili. Na upande wa pili alisimama Mlezi.

Zamda hakuamini. Alikuwa mzee mdogo. Suti yake ilikuwa ya kitenge, na nyuso zake mwenyewe zilimzunguka kama ndugu waliokuja msibani. Alishikilia kipaza sauti kilichozimwa kama mtu anayeshikilia nguzo, na magoti yake yalikuwa yakitetemeka.

"Wewe ndiye Zamda?" akanong'ona, midomo haichezi. "Unayenichekesha kwenye televisheni?"

"Ndiye, Baba. Naomba radhi."

"Radhi ya nini? Mimi huwa nawasha mapema nisikose. Ila siku hizi nimenuna tena. Umekasirika?" Akameza mate. "Niambie, unafanyaje? Mimi nikijaribu mbele ya kioo, halitoki."

"Baba, ule si uso." Zamda akaonyesha nyuma kwa kidole gumba. "Ni huku."

Mlezi akafikiri. Zamda aliona wazo likimpanda taratibu, likafika machoni. Mabega yakaanza kutikisika. Mzee alikuwa anacheka, kicheko kidogo cha puani, tena meno mawili ya mbele hana.

"Kwa hiyo balozi wa nchi jirani," akasema, "aliyeniandikia kusifu mashavu yangu..."

"Baba, usinichekeshe, utatokea kwenye skrini."

Lakini alikuwa ameshachelewa. Nyuma yake uwanja mzima ulipiga kelele za furaha, maana Uso ulikuwa umetabasamu.

"Magoti, Baba?" Zamda akauliza.

"Yamekwisha. Tangu mwaka viti vilipoondolewa sijakaa mahali pa watu."

"Si ukae?"

"Nikae vipi, na mimi nimejivaa mwenyewe huko nyuma? Kirumbizi anasema nikikaa nitakuwa nimejidhalilisha. Tena wananchi wenyewe mmekula kiapo hamtakaa kwa ajili yangu. Sasa kama nyinyi mnasimama kwa ajili yangu, mimi mtu mzima nitakaaje?"

"Sisi hatujaapa. Sisi tumeambiwa ni wewe umetaka."

"Mimi?"

Wakatazamana. Halafu, wote wawili kwa pamoja, wakamtazama Bwana Kirumbizi, ambaye alikuwa anatazama mawingu.

"Baba," Zamda akasema, "nina ombi moja. Naomba nirudishiwe nyonga zangu."

"Nani kazichukua?"

"Wewe. Yaani serikali."

"Mimi za kazi gani?" Mlezi alishangaa kweli. "Chukua, mwanangu. Nina zangu, na zinaniuma."

Zamda akavuta pumzi. Akashika gauni, akakunja magoti.

Mtangazaji wa televisheni alikuwa kwenye kibanda chake juu, na macho yake yalikuwa kwenye Uso. "Naam, ndugu watazamaji," akasema, "Mheshimiwa anatutazama. Na sasa, naona, anaanza kushuka! Anashuka kwa wananchi! Sijawahi kuona kiongozi anayeshuka kwa wananchi kiasi hiki! Anaendelea kushuka, anashuka bado, jamani unyenyekevu huu, amefika karibu kabisa na mbao za jukwaa, na sasa... sasa..." Akachungulia skrini tena. "Sasa hatumwoni."

Zamda alikuwa amekaa. Alikaa kwa uzito wake wote, mchana kweupe, mahali pa watu, na mbao zikalia. Akanyoosha miguu. Akawa anacheka na kulia kwa wakati mmoja.

"Amemkalia!" Bwana Kirumbizi akapiga ukelele. "Amemkalia Mlezi! Mkamateni!"

Askari wawili wembamba wakatazama mawingu kwa bidii.

Mlezi akaweka mkono kwenye bega la Zamda. Akateremka, goti moja, halafu la pili, halafu mwenyewe. Mtu wa mitambo, aliyedhani hotuba inaanza, akafungua kipaza sauti, na uwanja mzima, na nchi nzima, wakasikia hotuba ambayo mpaka leo watu wanaikariri majumbani:

"Aaaaaaah."

Haikuwa na neno lingine. Chini kwenye nyasi, Bi Hadia ndiye aliyekuwa wa kwanza kuielewa. Akautupa Mkongojo wa Taifa, akakaa kama gunia, akatanguliza miguu yake mbele akaitazama kama wageni waliotoka mbali. "Mtume wangu!" akasema. Aliyekuwa pembeni yake akakaa. Na wa nyuma yake. Ikaenda hivyo mpaka kwenye magoli na kurudi, na mlio wa taifa zima likikaa ulisikika mpaka bandarini. Nyuso maelfu kwa maelfu zilikaliwa, na hakuna hata moja iliyolalamika.

Mtu mmoja tu alibaki amesimama, na kwa mara ya pili alikuwa Bwana Kirumbizi.

*

Usidhani alifukuzwa. Asubuhi yake alikuwa redioni, akieleza kwamba Wizara ya Heshima imekuwa mstari wa mbele kupigania kukaa tangu zamani, kimyakimya. Na kwa kuwa Mlezi amekaa, mtu yeyote atakayesimama atakuwa juu ya Mlezi, akimtazama utosini, jambo ambalo ni la aibu. Kwa hiyo ni marufuku kusimama.

Meza za ofisini zikakatwa miguu. Gwaride likapitishwa likiwa limekaa kwenye mabenchi yenye magurudumu. Ligi ya mpira inachezwa kwa kukaa, na magoli yamepungua, lakini wachezaji hawaumii sana. Wazee walirudisha Mikongojo ya Taifa wakapewa Mito ya Taifa. Watu wa nchi hiyo wanasema maisha yamekuwa nafuu, na mimi naona wanasema kweli.

Zamda alirudishiwa skrini, plasta, spika, na kigoda cha mama yake kikiwa na mguu mmoja mpya. Askari wakaaga, wakajizuia kupiga saluti. Na siku moja mchana Bi Hadia akatoa chini ya cherehani gauni alilokuwa analishona kwa siri, la kitambaa cha buluu kisicho na kitu, hakina ua wala ndege wala Mlezi.

"Simama nikupime," akasema.

Wakatazamana. Zamda akaenda akafunga mlango. Bi Hadia akashusha pazia. Nje, balozi wa nyumba kumi alikuwa anapita, akijiburuza kwa nyonga, akisikiliza kama kuna magoti yanayolia. Alipokwisha kupita, Zamda akasimama polepole, akavaa gauni, akageuka mbele ya kioo.

Akapiga hatua moja. Hakuna aliyetafuna. Akapiga ya pili. Hakuna aliyekonyeza. Kitambaa kilisogea tu, kulia, kushoto, kama kinavyosogea kitambaa juu ya mwanamke anayetembea.

"Mama," akasema kwa sauti ndogo, "huyu ni nani?"

Bi Hadia alikuwa na pini mdomoni. Akazitoa, akamtazama bintiye juu mpaka chini, mbele na nyuma.

"Huyo ni wewe," akasema. "Umenenepa, lakini ni wewe."

Zamda akacheka, na nyuma yake hakuna mwingine aliyecheka.